Ujazo wa kibofu cha mkojo

Ujazo wa kibofu cha mkojo ni kiasi cha mkojo ambacho kibofu cha binadamu kinaweza kukihifadhi kabla ya kulazimika kukitoa. Kwa mtu mzima mwenye afya kiasi hicho kwa kawaida ni kati ya mililita 300 na 500, yaani kuanzia chupa ndogo ya soda hadi chupa ya maji ya nusu lita.

Ujazo huo hupimwa mara nyingi kwa watu wanaokwenda haja ndogo mara kwa mara, wanaoamka usiku kukojoa au wanaovujwa na mkojo. Hata hivyo, namba peke yake haitoshi kueleza ugonjwa. Watu watatu wanaokwenda chooni mara 15 kwa siku wanaweza kuwa na vibofu vitatu tofauti kabisa: kimoja kimesinyaa, kingine kina ukubwa wa kawaida ila hujikaza kabla ya wakati, na cha tatu ni kikubwa kupita kiasi na hakiishi kujaa. Dalili inafanana lakini tiba hazifanani, na tiba ya mmoja inaweza kumdhuru mwingine.

Jinsi kibofu kinavyojaa

Kibofu ni mfuko wa misuli ulioko nyuma ya mfupa wa kinena. Ukuta wake umejengwa na msuli unaoitwa detrusa, na ndani yake kuna utando wenye mikunjo unaokunjuka kadiri mkojo unavyoongezeka. Figo humimina mkojo humo kupitia mirija miwili inayoitwa ureta, kwa jumla lita 1 hadi 2 kwa siku. Katika kibofu chenye afya shinikizo la ndani hupanda kidogo tu wakati wa kujaa, kwa sababu msuli hulegea na kunyumbulika. Kwa njia hiyo figo huendelea kumimina mkojo bila kupingwa.

Mtu mzima huanza kuhisi mkojo unapofika mililita 150 hadi 200 hivi, lakini hisia hiyo ya kwanza inaweza kupuuzwa bila tabu. Habari za kujaa hupelekwa na neva hadi kwenye uti wa mgongo, kisha kwenye kituo kilichopo katika shina la ubongo, ambacho daktari Mwingereza Frederick Barrington alikieleza katika miaka ya 1920. Kituo hicho ndicho kinachobadilisha kazi ya kibofu kutoka kuhifadhi hadi kutoa, nayo sehemu ya mbele ya ubongo huamua kama mahali na wakati vinafaa. Kwa hiyo ujazo hautegemei misuli tu. Abiria anaweza kubana mkojo kwa saa kadhaa ndani ya basi, kisha akazidiwa pale pale anapofika nyumbani na kuingiza ufunguo mlangoni.

Kwa sababu hiyo wataalamu hutofautisha ujazo wa matumizi, ambao ni kiasi kikubwa zaidi mtu anachokojoa kwa mara moja katika maisha yake ya kila siku, na ujazo wa kimaumbile, ambao ni kiasi ambacho ukuta wa kibofu unaweza kukibeba. Tofauti yake huonekana mgonjwa akiwa amepewa dawa ya usingizi. Kibofu kilichokuwa kikilalamika kwa mililita 120 kikipokea mililita 500 mtu akiwa amelala, ukuta wake ni mzima na tatizo liko kwenye hisia. Kisipozidi 150 hata hapo, ukuta wenyewe umeharibika.

Kwa watoto

Kibofu cha mtoto mchanga hubeba mililita 30 hivi. Baada ya hapo makadirio yanayotumika zaidi kwa watoto wa miaka 4 hadi 12 ni kuongeza 1 kwenye umri kisha kuzidisha kwa 30: mtoto wa miaka 6 hutarajiwa kubeba mililita 210, na wa miaka 12 mililita 390.

Kukojoa kitandani huhesabiwa kuwa tatizo la kitabibu kuanzia umri wa miaka 5. Kwa kawaida huchangiwa na mambo matatu: figo kutengeneza mkojo mwingi usiku, kibofu kushindwa kuuhifadhi wote, na mtoto kutoamshwa na hisia ya kujaa. Uvivu na ukaidi havimo. Kumchapa kikojozi, kumwimba mbele ya wenzake au kumbebesha godoro lake mchana hakuongezi hata mililita moja. Hali hii hurithiwa sana: mzazi mmoja akiwa alikuwa nayo, uwezekano wa mtoto kuipata ni karibu asilimia 44, na wote wawili wakiwa walikuwa nayo hufika asilimia 77. Kila mwaka karibu asilimia 15 ya watoto hao huacha bila tiba yoyote.

Jambo linalosahaulika mara nyingi ni choo kigumu. Utumbo wa mwisho uliojaa hukisukuma kibofu kilicho mbele yake na kukipunguzia nafasi, hivyo mtoto mwenye tatizo la kukosa choo hutibiwa hilo kwanza. Dawa ya desmopresini hupunguza mkojo unaotengenezwa usiku na huwafaa zaidi wenye ujazo wa kawaida. Wenye kibofu kidogo kwa kawaida husaidiwa zaidi na kengele inayolia nguo inapoanza kulowa.

Kibofu kilichosinyaa

Katika Afrika Mashariki sababu muhimu ya kibofu kusinyaa ni kichocho cha mkojo, kinacholetwa na mnyoo Schistosoma haematobium. Mnyoo huo uligunduliwa mwaka 1851 mjini Kairo na daktari Mjerumani Theodor Bilharz, na kutoka kwake ugonjwa ukapata jina la bilhazia. Konokono wa maji baridi wa jenasi Bulinus humhifadhi mnyoo kabla hajapenya ngozi ya mtu anayeoga, kufua au kulima mpunga katika maji hayo. Minyoo wakubwa huishi katika vena zinazokizunguka kibofu, na mayai yao yenye mwiba hupenya ukuta ili yatoke na mkojo.

Mengi hayatoki. Hunasa ukutani, mwili huyazingira kwa uvimbe mdogomdogo, na baada ya miaka mahali pa msuli hushikwa na kovu na chokaa. Katika picha ya eksirei kibofu cha namna hiyo huonekana kama kimechorwa mstari mweupe pembeni. Hakitanuki tena, mgonjwa hukojoa kidogo kidogo mchana na usiku, mirija ya ureta huweza kuziba na figo kuvimba. Kichocho hiki pia kimethibitishwa kusababisha saratani ya kibofu.

Hatua ya kovu na chokaa haiponi kwa vidonge, lakini ile ya mwanzo hupona. Kwa watoto uvimbe ukutani huonekana kwa ultrasaundi ukipungua ndani ya miezi michache baada ya kumeza prazikwanteli, ambayo hutolewa kwa dozi ya miligramu 40 kwa kila kilo ya uzito. Huko Unguja na Pemba kampeni za miaka mingi za kugawa dawa hiyo zimeupunguza sana ugonjwa. Mtoto anayekojoa damu mwishoni mwa mkojo anapaswa kupimwa, hata kama wavulana wote wa kijiji wanakojoa hivyo na wazee wanaliona ni jambo la kawaida.

Kifua kikuu kikishambulia njia ya mkojo nacho huacha makovu ya namna hiyo, na kadhalika mionzi inayotumika kutibu saratani ya shingo ya kizazi. Tangu mwaka 2007 imejulikana pia kwamba matumizi mabaya ya ketamini huharibu utando wa kibofu kwa haraka. Katika fistula ya uzazi mambo ni tofauti kidogo: mkojo unavuja muda wote kupitia tundu, kibofu hakijai kwa miezi au miaka, nacho hubaki kidogo na kigumu. Ndiyo maana baadhi ya wanawake huendelea kuvujwa hata baada ya tundu kuzibwa vizuri, na si haki kuwaambia kwamba wameshapona.

Kibofu kinachojikaza kabla ya wakati

Hapa ukuta ni mzima na ujazo wa kimaumbile ni wa kawaida, lakini detrusa hujikaza mkojo ukiwa bado kidogo. Mtu hushikwa ghafla na haja isiyongoja. Hali hii huweza kufuata kiharusi au ugonjwa wa neva, ingawa kwa wengi chanzo hakionekani. Wagonjwa wengi hutibiwa mara kwa mara kwa antibiotiki wakiambiwa wana maambukizi ya njia ya mkojo, maarufu kama yutiai, bila mkojo kuoteshwa maabara. Maambukizi huleta dalili hizohizo, ila yanapaswa kuthibitishwa.

Kibofu kilichopanuka kupita kiasi

Tezi dume iliyokua huziba njia, na kisukari cha muda mrefu huua neva zinazoleta hisia ya kujaa. Katika hali zote mbili mkojo hubaki baada ya kukojoa, na mwishowe kibofu huweza kubeba zaidi ya lita 1 bila maumivu. Kikishafurika, mkojo huchuruzika kidogo kidogo. Mgonjwa huona anakojoa mara nyingi mno, kumbe hakojoi inavyotakiwa. Akipewa dawa za kutuliza detrusa anaweza kuziba kabisa.

Kuziba kwa ghafla, tofauti na huko, huuma sana na ni dharura. Mwanaastronomia Tycho Brahe wa Denmark alifariki mjini Prague tarehe 24 Oktoba 1601, siku 11 baada ya karamu ambayo inasimuliwa kwamba alijizuia kuondoka mezani kwa kuogopa kuvunja adabu. Kuanzia hapo alikojoa kwa shida na maumivu makali. Mabaki yake yalifukuliwa mwaka 2010, na vipimo havikuunga mkono dhana kwamba aliuawa kwa zebaki.

Shinikizo

Kwa mtoto aliyezaliwa na mgongo wazi swali la kwanza ni shinikizo, kuliko mililita. Neva zake hukifanya kibofu kiwe kigumu, na shinikizo likidumu juu ya sentimita 40 za maji figo huharibika taratibu bila dalili, hata kama mtoto anaonekana mkavu.

Upimaji

Kipimo cha kwanza hakihitaji hospitali: kopo lenye alama za mililita na daftari la siku 3, ambamo mtu huandika saa, kiasi alichokunywa na kiasi alichokojoa. Daftari hilo hufichua pia wale ambao kibofu chao hakina kasoro ila wanakunywa sana au wana kisukari. Ultrasaundi hukadiria kiasi kwa kuzidisha urefu, upana na kina katika sentimita, kisha kwa 0.52, ikirudiwa baada ya kukojoa huonyesha kilichobaki, ambacho kwa kijana mwenye afya huwa chini ya mililita 50. Shinikizo hupimwa kwa mpira mwembamba unaojaza kibofu maji polepole.

Matibabu

Kibofu kinachojikaza mapema hufundishwa: mtu huchelewesha kwenda chooni kwa dakika chache, kisha huziongeza kila wiki. Kupunguza kahawa na chai husaidia. Kuacha kunywa maji hakusaidii, kwani mkojo mzito huzidi kukichokoza. Dawa kama oksibutinini hulegeza detrusa lakini hukausha mdomo na kufunga choo. Mirabegroni haina sana kasoro hizo. Wasiofaidika huweza kuchomwa sindano za sumu ya botulinamu ukutani mwa kibofu.

Kibofu kilichokwisha kuwa kovu huongezwa kwa upasuaji, kwa kushonea kipande cha utumbo mwembamba. Kipande hicho hakijikazi kwa mpangilio, hivyo wengi hulazimika kujitoa mkojo wenyewe kwa mpira mara kadhaa kwa siku. Njia hiyo ilienea baada ya Jack Lapides wa Chuo Kikuu cha Michigan kuonyesha mwaka 1972 kwamba mikono na mpira vikiwa safi inatosha, bila kuua vijidudu vyote kama katika chumba cha upasuaji. Utumbo huendelea kutoa ute humo ndani, kwa hiyo kibofu huhitaji kuoshwa mara kwa mara ili mawe yasijengeke.