Swali moja lililotuvunjia mji: «Ule ni mutu wa wapi?»



Mwezi uliopita tulikutana kugawa majembe na mbegu za maharagwe. Kazi ilikuwa nyepesi. Majina yalikuwa kwenye daftari, kila nyumba ipate jembe moja na mbegu zake, watu waende shambani kabla mvua haijapita. Tulipofika katikati ya majina, mmoja wetu akasimama akauliza: «Bale ba upande ule bamepata ngapi, na sisi tumepata ngapi?»

Hakuna aliyemjibu, lakini kila mtu alianza kuhesabu. Hatukuhesabu majembe. Tulihesabu majina: hili linasikika la wapi, na lile je? Mama mmoja aliyeolewa kabila lingine alijikuta anahesabiwa mara mbili, huku na kule, halafu hakuna upande uliomtaka. Kugawa kukasimama. Majembe yalilala depo siku tisa, na mvua ilikuwa inanyesha.

Komite imetuomba tuandike habari hii pamoja na historia yake, maana lile swali halikuzaliwa siku ile. Tunalijua. Ndilo lililotutoa majumbani.

Wazo likishika kichwa

Watu wote wana mawazo ya kuwasumbua. Lakini kuna wazo likimshika mtu, kila anachokiona kinakuwa ushahidi wake. Jirani akisalimu, ni unafiki. Asiposalimu, ni chuki. Akijenga nyumba, anataka kutunyang'anya udongo. Akihamisha watoto, amekwisha kuambiwa siku ya vita. Hakuna jambo linaloweza kumtoa mtu huyo kwenye wazo lake, kwa sababu hata jambo jema analigeuza. Usiku halali, na asubuhi anawaambia wenzake, na wao pia hawalali. Hapo wazo la mtu mmoja limekuwa la kartie nzima.

Sisi tuliokimbia tunajua ugonjwa huo kwa sababu tuliugua. Si wengine peke yao.

Mipaka ya Wabeleji

Wazee wetu hawakuishi kama malaika. Wahema walikuwa na ng'ombe, Walendu walikuwa na mashamba. Walibadilishana maziwa na nafaka, walioana, na pia waligombana, na wenye nguvu walionea wasio na nguvu. Lakini ugomvi ulikuwa na sababu yake na mwisho wake.

Wabeleji walipofika walikuta watu waliochanganyika, na wao walitaka watu wa kuandika kwenye karatasi. Mwaka 1911 shefu Mhema, Bomera, aliuawa upande wa kusini, na jibu la serikali lilikuwa kuwatenga: hawa na shefri yao, wale na shefri yao. Walikuja pia na fundisho la Ulaya la wakati ule, kwamba wafugaji ni watu wa kuzaliwa kutawala na walimaji ni watu wa kutawaliwa. Kwa hiyo shule na kazi za ofisi zilifunguka zaidi kwa Wahema. Dhahabu ilikuwa imeonekana Kilo tangu 1903, na machimbo yalihitaji mikono mingi. Nani atashika kalamu na nani atashika sururu, swali hilo lilianza kujibiwa kwa kabila.

Na hapa kuna jambo ambalo wageni wetu hushangaa wakilisikia. Wahema wa kaskazini, wanaoitwa pia Wagegere, lugha yao ya nyumbani ni Kilendu. Wahema wa kusini ndio wanaosema Kihema. Yaani kule Djugu watu waliochinjana walikuwa wanatukanana kwa lugha moja, na aliyekuwa anaomba huruma aliomba kwa lugha ya mama wa yule aliyeshika panga. Kama damu na lugha zingekuwa ndizo sababu, vita hivyo visingewezekana.

Udongo na karatasi

Mwaka 1973 ulileta mambo mawili. Sheria ya udongo ya mwezi wa 7 ilisema udongo wote ni mali ya serikali. Halafu zairizasyo iliwapa watu wenye kujuana na wakubwa mashamba makubwa ya Wazungu. Kwa sheria ile, mtu aliweza kupata karatasi ya udongo ambao watu wanakaa juu yake, akanyamaza miaka miwili, ndipo aionyeshe, na wakati huo hakuna tribunali ya kuipinga. Waliokuwa na shule na marafiki ofisini ndio waliojua njia hiyo, na wengi wao walikuwa Wahema. Si wote. Mhema maskini hakupata kitu. Lakini mkulima Mlendu aliyefukuzwa alipoiona ile karatasi, hakuona jina la tajiri mmoja. Aliona kabila.

Hiyo ndiyo hatua ya hatari. Malalamiko yalikuwa ya kweli. Kosa lilikuwa kuyageuza kuwa wazo moja la kueleza kila kitu.

Mwaka 1999, huko Walendu Pitsi, wenye makonsesyo walitaka kupanua mipaka yao, na wakaaji wakakataa. Ugomvi kama huo wa zamani ungeishia kwa shefu au kwa juji. Mara hii jeshi la Uganda lilikuwa ndilo linatawala Ituri. Askari wake wengine walikodishwa kuwalinda wenye makonsesyo, na mwezi wa 6 mwaka huo mkubwa wao, jenerali Kazini, aliweka gavana mpya, Mhema, kwa jimbo alilolitangaza yeye mwenyewe. Walendu wakasema: tuliwaambia. Nao Wahema waliposhambuliwa vijijini wakasema: tuliwaambia.

Kulikuwa pia na wazo la kuazima. Rwanda, miaka mitano nyuma, Watutsi walikuwa wamemalizwa. Wahema wengi walianza kujiona kama Watutsi wa Ituri wanaongojea kumalizwa, na Walendu wengi wakakubali kujiita ndugu wa Wahutu. Hakuna babu yetu aliyejiita hivyo. Lakini mtu anayeamini kwamba kesho atamalizwa, leo hawezi kungoja.

Wanasiasa na mavuno

Wanasiasa hawakulianzisha wazo hili, lakini waliliona kama mtu anavyoona shamba lililoiva. Kila upande ulipata kundi lake la bunduki: UPC ya Thomas Lubanga kwa Wahema, FNI kwa Walendu, FRPI kwa Wangiti. Kampala na Kigali, na Kinshasa pia, walikuwa wanageuka kuwapa silaha, leo huyu na kesho yule. Dhahabu ya Mongbwalu ilikuwa inatoka hata wakati maiti hazijazikwa.

Mwezi wa 8 mwaka 2002 UPC ilichukua Bunia. Wazo likakua tena: sasa si Walendu tu, bali kila asiyezaliwa Ituri, aliyeitwa «jajambo». Wanande, watu wa Kinshasa, wote waliulizwa lile swali. Mwezi wa 9, Nyankunde, mahali penye hospitali iliyotibu makabila yote, Wangiti na Walendu waliingia wakaua watu wengi sana, wakiwemo wagonjwa juu ya vitanda vyao. Daktari wa watu wote alikuwa ni kosa ndani ya wazo lile.

Mwezi wa 5 mwaka 2003 Waganda waliondoka, na mji ukabaki bila mwenyewe. Walendu waliingia, wakaua. Baada ya siku chache UPC ikarudi, ikaua. Sisi wengine tulikuwa kwenye uwanja wa ndege, wengine nyuma ya waya za MONUC, wengine tulikuwa tayari njiani kwa miguu kwenda Beni. Kwenye barière waliangalia kadi, na kama huna kadi walisikiliza unavyosema. Ni jeshi la Umoja wa Ulaya, operesheni Artemis, lililotuliza mji kuanzia mwezi wa 6 mpaka wa 9. Wanaohesabu wanasema kati ya 1999 na 2003 zaidi ya watu 50,000 walikufa Ituri, na karibu nusu milioni walikimbia.

Kortini, na baada ya korti

La Haye ilihukumu watu. Lubanga alipata miaka 14 mwaka 2012, kwa kuingiza watoto jeshini. Germain Katanga alipata miaka 12 mwaka 2014. Bosco Ntaganda miaka 30 mwaka 2019. Mathieu Ngudjolo aliachiliwa. Korti nyingine ya hukohuko, ile ya mataifa, mwaka 2022 iliagiza Uganda ilipe Kongo dola milioni 325.

Hukumu ni kitu kizuri. Lakini korti inamfunga mtu, haifungi wazo. Mwaka 2017, padri mmoja alipokufa huko Djugu, watu walisema amepewa sumu, na kabla ya mwisho wa mwaka vijiji vilikuwa vinawaka tena. Mwanzoni mwa 2018 maelfu kwa maelfu walivuka ziwa Albert kwenda Uganda ndani ya mitumbwi. Kundi linaloogopwa leo linaitwa CODECO, na wazee wanakumbuka kwamba jina hilo lilikuwa la koperative ya walimaji. Jina la jembe limekuwa jina la panga.

Sisi je?

Tunaandika haya yote kwa sababu ya majembe yaliyolala siku tisa. Hakuna mtu aliyekufa Shari mwezi uliopita. Lakini tulijiona jinsi ilivyo haraka. Mutu mmoja aliuliza, na watu zaidi ya mia, wote waliolala kambini, wote waliozika, wakaanza kusikiliza majina kama wale wa barière.

Yule aliyeuliza ni ndugu yetu, naye alikuwa na sababu. Mara moja, zamani kidogo, mgawo mmoja wa msaada hapa kwetu haukwenda sawa, na hakuna aliyeeleza kwa nini. Palipokosekana hesabu, wazo likaingia. Hilo ni kosa letu, wa komite. Ukimwambia mtu «acha ukabila» bila kumwonyesha daftari, hujamjibu.

Kwa hiyo komite imeamua hivi. Daftari la chama litasomwa kwa sauti kila mwisho wa mwezi: kilichoingia, kilichotoka, kwa nani. Litaandika jina, kijiji mtu alichotoka, watu wa nyumbani mwake na ukubwa wa shamba. Halitaandika kabila. Tunawaambia wafadhili wetu pia, kwa heshima: fomu zenu nyingine zina nafasi ya kabila, na tunajua mnaiweka ili mtu asisahauliwe. Kwetu nafasi hiyo tutaiacha tupu. Tutawapa hesabu ya wajane, ya wasio na shamba na ya waliorudi mwaka huu, nanyi mtaona kama kuna aliyesahauliwa.

Na habari yoyote ikifika usiku, kwamba «banakuya», kila mkubwa wa avenyu aulize mambo matatu kabla ya kuipitisha: nani ameona kwa macho yake, wapi, saa ngapi? Kama ni kweli, tutakimbia pamoja. Tumeshajua kukimbia.

Wapo wanachama wanaotaka kasa ya chama igawanywe mbili, kila upande na yake, wanasema ndiyo njia ya amani. Tutaipigia kura kwenye mkutano unaokuja, na kila mtu atasema lake bila woga. Sisi tunaoandika tutapiga kura ya hapana. Mwaka 1911 pia walisema kutenga ni amani.

Majembe yaligawiwa siku ya kumi, kufuata daftari. Yule mama wa pande mbili alipata la kwanza. Maharagwe yake yamechipuka. Yamechelewa, lakini yamechipuka.