Makazi ya kale ya Japani: Mwelekezi binafsi humfaa mgeni vipi?

MGENI anayezuru makazi ya kale ya Japani kwa mara ya kwanza huenda akadhani amepotea njia. Hakuna piramidi, wala kuta zilizosalia kama zile za magofu ya Gede katika pwani ya Kenya. Mara nyingi anachokiona ni uwanja wa nyasi, mashimo machache na vibanda vya majani ambavyo vilijengwa upya juzijuzi tu.

Sababu ni kuwa wakazi wa kale wa visiwa hivyo walijenga kwa miti, majani na udongo, vitu ambavyo huoza. Kilichobaki ardhini ni dalili tu: shimo la nguzo, jivu la meko, lundo la makombe na vigae vya vyungu. Dalili hizo hazijielezi zenyewe.

Ndiyo maana wageni wengi wenye hamu ya kuielewa historia hiyo huamua kukodi mwelekezi wao binafsi badala ya kufuata msafara mkubwa wa watalii. Mwelekezi mzuri humwonyesha mgeni kilichopatikana ardhini, kisha humtenganishia yale yaliyothibitishwa na yale ambayo wataalamu wanakisia.

Watu wa Jomon

Sehemu kubwa ya ziara hizi huhusu enzi inayoitwa Jomon, iliyoanza takriban miaka 15,000 iliyopita na kudumu kwa zaidi ya miaka 10,000. Neno hilo lina maana ya alama za kamba, kwa kuwa wafinyanzi wa wakati huo walibingirisha kamba juu ya udongo mbichi ili kuupamba mtungi kabla ya kuuchoma.

Jina hilo lilitokana na maandishi ya Edward Morse, mtaalamu wa wanyama kutoka Marekani. Mnamo 1877, akisafiri kwa garimoshi kutoka Yokohama kwenda Tokyo, aliona makombe yametokeza kwenye ukingo wa ardhi kando ya reli mahali paitwapo Omori. Alirudi na kupachimba mwaka huo huo, na uchimbaji huo huhesabiwa kuwa mwanzo wa akiolojia ya kisayansi nchini Japani. Leo kuna bustani ndogo mahali hapo.

Jambo linalowashangaza wengi kuhusu watu wa Jomon ni kuwa waliishi katika vijiji vya kudumu bila kutegemea kilimo cha nafaka. Vitabu vingi vya shule hufundisha kwamba binadamu alianza kulima, ndipo akatulia mahali pamoja na kufinyanga vyungu. Nchini Japani mambo hayakwenda hivyo. Watu walivua samaki, wakawinda na kuokota kokwa za msituni, na bado wakajenga nyumba na kuzika wafu wao mahali pamoja kizazi baada ya kizazi.

Vigae vilivyopatikana mnamo 1998 katika eneo la Odai Yamamoto, mkoani Aomori, vina umri wa zaidi ya miaka 15,000, na ni miongoni mwa vyungu vya kale zaidi kujulikana duniani. Havina mapambo yoyote. Vina masizi na mabaki ya chakula kilichoungua, ishara kwamba vilitumiwa kupikia.

Kilimo cha mpunga wa majini kiliingia baadaye kutoka bara la Asia kupitia kisiwa cha Kyushu, kusini mwa nchi. Enzi iliyofuata huitwa Yayoi.

Uwanja wa mpira ulioachwa

Kituo kinachotembelewa zaidi katika ziara za Jomon ni Sannai Maruyama, pembezoni mwa jiji la Aomori, kaskazini mwa kisiwa kikuu cha Honshu. Watu waliishi hapo kwa muda wa miaka 1,700 hivi, kuanzia takriban mwaka 3900 Kabla ya Kristo.

Mnamo 1992 serikali ya mkoa ilianza kuwachimbisha wanaakiolojia mahali hapo kwa sababu ilinuia kujenga uwanja wa mchezo wa besiboli. Sheria za Japani hutaka ardhi yenye mabaki ya kale ichunguzwe kabla ya kujengwa. Kwa kawaida wataalamu huchimba, hupima, hupiga picha na kubeba vitu, kisha matingatinga huingia na makazi yenyewe hutoweka.

Mambo yaligeuka mwaka 1994 yalipopatikana mashimo sita makubwa yaliyopangwa kwa safu mbili za matatu. Kila shimo lilikuwa na upana na kina cha takriban mita mbili, na umbali kati ya shimo na jingine ulikuwa mita 4.2. Ndani mlikuwa na vitako vya nguzo za mti wa kuri, ambao huzaa kokwa tamu zinazochomwa na kuliwa. Nguzo hizo zilikuwa na unene wa karibu mita moja. Hazikuoza kabisa kwa vile zilikaa katika maji ya ardhini, na pia kwa kuwa vitako vyake vilikuwa vimechomwa moto kabla ya kusimikwa.

Habari hizo zilipotangazwa, umati wa watu ulifurika Aomori kujionea. Agosti mwaka huo gavana wa mkoa, Masaya Kitamura, alisimamisha ujenzi wa uwanja ambao tayari ulikuwa umeanza, na makazi hayo yakahifadhiwa. Mnamo 2000 yalipewa hadhi ya juu zaidi ambayo taifa hilo hutoa kwa maeneo ya kihistoria.

Uchimbaji ulionyesha kijiji kikubwa kuliko ilivyodhaniwa kuwezekana kwa jamii isiyolima. Palipatikana jumba lenye urefu wa takriban mita 32, visanamu vya udongo zaidi ya 2,000 na makaburi ya watu wazima yaliyojipanga kando ya njia. Watoto wachanga walizikwa ndani ya mitungi karibu na nyumba. Pia palikuwa na mawe ya jade yaliyotoka Itoigawa, mamia ya kilomita kusini, na vioo vya volkano kutoka kisiwa cha Hokkaido ng'ambo ya bahari. Uchunguzi wa chembechembe za urithi za kokwa za kuri ulionyesha kuwa miti hiyo ilifanana mno kuliko ile ya msituni, jambo linaloashiria kwamba wanakijiji waliichagua na kuitunza.

Ukweli na makisio

Hapa ndipo kazi ya mwelekezi inapoonekana. Juu ya eneo hilo leo kuna mnara wa nguzo sita wenye urefu wa karibu mita 15, nao huwa katika picha nyingi za matangazo ya utalii. Mgeni asiyeelezwa ataondoka akiamini kwamba watu wa kale walikuwa na mnara kama huo.

Ukweli ni kwamba kilichopatikana ni mashimo na vitako vya nguzo pekee. Wapo wataalamu wanaoamini lilikuwa jengo lenye paa, na wapo wanaosema zilikuwa nguzo tupu za ibada. Mnara uliojengwa una sakafu tatu lakini hauna paa, hivyo haukufuata kikamilifu wazo la upande wowote. Hata magogo yake yaliagizwa kutoka Urusi kwa kuwa miti minene kiasi hicho haikupatikana Japani.

Hali ni hiyo hiyo katika duara za mawe za Oyu, mkoani Akita, zilizopangwa takriban miaka 4,000 iliyopita. Kubwa kati ya hizo mbili ina kipenyo cha zaidi ya mita 50. Mashimo yaliyo chini ya mafungu ya mawe yanaonyesha kuwa palikuwa mahali pa maziko. Kuna pia maelezo kwamba duara hizo zilielekezwa upande jua linakotua katika siku ndefu zaidi ya mwaka. Mwelekezi mwaminifu hutaja yote mawili, lakini hayapi uzito sawa.

Uaminifu huo una historia chungu nchini humo. Novemba 2000, gazeti la Mainichi lilichapisha picha za mwanaakiolojia asiye msomi wa chuo, Shinichi Fujimura, akifukia zana za mawe katika eneo la Kamitakamori ili baadaye "azigundue". Kwa miaka mingi alikuwa amesifiwa kwa kuirudisha nyuma historia ya binadamu nchini Japani kwa mamia ya maelfu ya miaka. Vitabu vya shule vililazimika kusahihishwa, na mnamo 2002 eneo la Zazaragi likaondolewa katika orodha ya maeneo ya kihistoria ya taifa.

Tangu hapo swali la "mnajuaje?" halichukuliwi kuwa utovu wa adabu katika ziara kama hizi. Mgeni anayelipa mwelekezi wake mwenyewe ana nafasi ya kuliuliza mara nyingi apendavyo.

Kupanga safari

Mnamo Julai 2021 Shirika la Umoja wa Mataifa la Elimu, Sayansi na Utamaduni (UNESCO) liliorodhesha maeneo 17 ya Jomon ya kaskazini mwa Japani kuwa urithi wa dunia. Maeneo hayo yametawanyika katika Hokkaido na mikoa ya Aomori, Iwate na Akita, na mengine hayafikiki kwa urahisi bila gari. Hiyo ni sababu nyingine ya kukodi mwelekezi.

Ziara ya siku nne au tano hutosha kwa maeneo makuu. Wengi huanza katika Makavazi ya Taifa ya Tokyo, ambayo huhifadhi kisanamu mashuhuri chenye macho makubwa kilichotoka Kamegaoka. Kisha hupanda garimoshi la kasi hadi kituo cha Shin-Aomori, safari ya zaidi ya saa tatu. Njiani wanaweza kushuka Hachinohe ili kuona kisanamu cha mtu aliyekunja viganja pamoja kana kwamba anaomba, katika makavazi ya Korekawa.

Kutoka Aomori garimoshi huendelea hadi Hokkaido kupitia njia ya chini ya bahari yenye urefu wa karibu kilomita 54. Katika kituo cha utamaduni wa Jomon mjini Hakodate kuna kisanamu kilicho wazi ndani, chenye kimo cha sentimita 41.5. Kilipatikana mnamo 1975 na mama mmoja aliyekuwa akichimba viazi katika shamba lake. Mnamo 2007 kilitangazwa kuwa hazina ya taifa.

Kabla ya kukubaliana na mwelekezi ni vyema kuuliza iwapo ana leseni ya serikali. Tangu Januari 2018 sheria ya Japani huruhusu hata asiye na leseni kufanya kazi hiyo kwa malipo, hivyo viwango hutofautiana. Aidha, mgeni aulize kama bei inajumuisha nauli, viingilio na chakula cha mwelekezi. Si desturi kumpa bahashishi baada ya kazi.

Asiyeweza kumudu gharama hiyo asikate tamaa. Sannai Maruyama ina wenyeji wanaojitolea kuwatembeza wageni bila malipo, ingawa huzungumza Kijapani zaidi.

Majira pia ni muhimu. Aomori ni miongoni mwa miji inayopata theluji nyingi, na kati ya Desemba na Machi duara za mawe hufunikwa kabisa. Katika miezi mingine, hasa vuli, mgeni atii ilani kuhusu dubu, kwa kuwa mkoa wa Akita ulikumbwa na visa vingi vya wanyama hao mwaka 2023 na 2025. Raia wa Kenya huhitaji viza, na ni heri kuiomba mapema.

Zaidi ya yote, mgeni asiokote chochote. Kigae kidogo kinachoonekana hakina thamani kinalindwa na sheria ya mali ya utamaduni ya mwaka 1950, na anayekipata hutakiwa kukiripoti. Kigae kikiondolewa mahali kilipolala, hakiwezi tena kusema kilikuwa karibu na meko ya nani, juu ya kaburi gani au chini ya tabaka lipi la udongo. Katika nchi ambayo majengo ya kale yameoza yote, mahali kitu kilipolala ndiyo historia yenyewe.