Ava Gardner: Staa wa Hollywood Aliyekuja Kushuti Kenya Ikiwa Moto

Swali la haraka: "mogambo" ni nini? Usijisumbue na kamusi. Huku Kinango tunajua mgambo, ile ya mbiu, lakini mogambo si Kiswahili cha mtu yeyote. Ni muvi ya Hollywood ya 1953 iliyoshutiwa Kenya, Tanganyika na Uganda, na inasemekana jina lilichongwa kutoka Mocambo, klabu ya usiku ya huko kwao. Msupa aliyeibeba muvi hiyo mgongoni ni Ava Gardner. Kama unamjua tu kama bibi ya Frank Sinatra, wamekupunja.

Ava alizaliwa 24 Desemba 1922 huko Grabtown, kijiji karibu na Smithfield, North Carolina. Kitinda mimba wa watoto saba, wazazi wakulima wa tumbaku na pamba, doo hakuna. Baba alifariki Ava akiwa na miaka 15. Akaingia chuo kusomea kazi za ofisi, akakaa kama mwaka mmoja akatoka. (Usicheke, wengine wetu tunaielewa hiyo stori vizuri sana.)

Kilichomtoa ni picha. Shemeji yake alikuwa mpiga picha New York, akaweka picha ya Ava kwenye dirisha la studio. Habari zikafika kampuni ya MGM, na 1941 wakamsaini mkataba wa miaka saba, dola 50 kwa wiki. Lafudhi ya kijijini ilikuwa nzito hadi wakamtafutia mwalimu wa kuongea. Miaka ya kwanza alikuwa anapewa tu vipande vidogo vidogo, mpaka The Killers ya 1946, na Burt Lancaster, ndiyo watu wakashtuka.

Lakini ona hii. Kwenye Show Boat ya 1951 alicheza Julie, dem mwenye damu ya Kiafrika anayepita kama mzungu. Lena Horne, msanii mweusi aliyekuwa hapo hapo MGM, aliitaka hiyo nafasi. Wakampa Ava. Halafu sauti yake ya kuimba wakaitoa kwenye muvi, wakaweka ya mtu mwingine! Yaani walitaka sura tu.

Sasa turudi nyumbani. Serikali ya mkoloni ilitangaza hali ya hatari Kenya Oktoba 1952. Wiki chache baadaye mbogi ya Mogambo ikatua: director John Ford, Clark Gable, Grace Kelly na Ava. Sinatra naye alikuja kumsindikiza. Wakati huo jamaa alikuwa amesota, na akiwa huku ndipo akaitwa Hollywood kufanyiwa majaribio ya From Here to Eternity, muvi iliyompa Oscar.

Ava alikuwa na mimba. Alisafiri hadi London akaitoa, kisha akarudi kazini. Aliyasema mwenyewe kwenye kitabu cha maisha yake, akikumbusha kwamba MGM ilikuwa na masharti ya kuwaadhibu mastaa waliopata watoto. Ukiangalia vile anachekesha kwenye hiyo muvi, huwezi kujua alichobeba.

Hiyo kazi ndiyo ilimpa nomination yake pekee ya Oscar. Usiku wa 25 Machi 1954 ikaenda kwa Audrey Hepburn. Mwezi uliofuata, 24 Aprili, wakoloni wakaanza Operation Anvil Nairobi, msako wa kuwakamata waliodhaniwa kuwa Mau Mau, na maelfu wakasukumwa kambini. Moja ya kambi hizo ilikuwa Mackinnon Road, hapa hapa Kinango sub-county, pale unapopita kila siku na matatu ya Voi.

Na Waafrika ndani ya muvi? Wameandikwa kwa kabila: Wasamburu, Wahaya. Majina ya watu, zii. (Na hao si watu wa Samburu yetu ya barabara ya Mombasa, usichanganye.)

Ndoa zake tatu zote zilivunjika: Mickey Rooney, Artie Shaw, kisha Sinatra, 1957. Kufikia hapo alikuwa ameshahamia Uhispania, nchi ambayo wakaguzi wake waliigeuza Mogambo kwa kubadilisha maneno ili mke na mume wawe ndugu, eti kuficha uzinzi. Enyewe wakazua balaa kubwa zaidi.

Akaendelea kupiga kazi: The Barefoot Contessa, On the Beach, The Night of the Iguana ya 1964, ambayo kwangu ndiyo kali kuliko zote. 1968 akahamia London. Kiharusi kilimpata 1986, na 25 Januari 1990 nimonia ikamuua akiwa na miaka 67. Alirudishwa Smithfield, akazikwa karibu na wazazi wake.