Dhahabu ya Kahama na Geita na Gharama ya Kutii Sheria

Historia ya dhahabu ya Kahama na Geita husimuliwa mara nyingi kama kisa cha magendo: walanguzi upande huu, askari upande ule. Wanauchumi wa sheria wangeanza kwingine, kwa kuuliza kutii kunamgharimu mchimbaji kiasi gani. Mgodi wa Geita ulipofungwa mwaka 1966, uchimbaji ulibaki kwa wachimbaji wadogo, na Sheria ya Madini ya 1979 ikawapa wananchi nafasi katika maeneo yaliyotengwa. Lakini aliyeipeleka dhahabu serikalini alilipwa kwa kiwango rasmi cha shilingi, kilichoachwa mbali na kile cha mlanguzi. Sehemu ya jasho lake ilibaki dirishani. Dhahabu ikavuka mipaka. Kisha, kuanzia 1990, Benki Kuu ikainunua kwa bei iliyokaribia ile ya soko la magendo, na ndani ya miaka kama miwili mauzo rasmi, yaliyokuwa karibu na sifuri, yakafikia makumi ya mamilioni ya dola. Je, si bei ya dunia iliyowavuta wauzaji? Hapana, kwani kati ya 1990 na 1992 bei hiyo ilikuwa ikishuka. Kilichobadilika ni dirisha. Ushahidi wa 2019, serikali ilipoondoa VAT ya asilimia 18 na kodi ya zuio ya asilimia 5 kwa wachimbaji wadogo, na soko la madini likafunguliwa Geita, ni dhaifu zaidi, maana mwaka huo bei ya dunia nayo ilipanda. Hata hivyo hauendi kinyume na ule wa 1990.

Pingamizi zito linatoka kwingine. Ikiwa unafuu wa sheria huleta tija, mbona Sheria ya Madini ya 1998, iliyowapa wawekezaji mrabaha wa asilimia 3 tu, iliacha manung'uniko mengi hivyo? Jibu ni kwamba unafuu huwa na mwenyewe. Ronald Coase, aliyepata Tuzo ya Nobel mwaka 1991, alionyesha kwamba kama kupatana hakuna gharama, rasilimali hufika kwa anayeithamini zaidi, yeyote aliyepewa haki mwanzoni. Wanaomnukuu nusu nusu husahau upande wa pili: kupatana kukiwa ghali, aliyepewa haki na sheria ndiye huamua karibu kila kitu. Bulyanhulu, huko Kahama, ni mfano wake. Mwaka 1996 wachimbaji wadogo waliondolewa katika eneo la leseni ya kampuni, na mgodi mkubwa ukaanza uzalishaji 2001. Mwaka 2017, baada ya usafirishaji wa makinikia (mchanga wenye madini) kuzuiwa, kamati ya wanauchumi na wanasheria chini ya Profesa Nehemiah Osoro ilikagua mapato ya miaka iliyopita. Acacia, kampuni iliyomiliki mgodi huo wa Bulyanhulu, ikadaiwa kodi, riba na faini za takriban dola bilioni 190. Mwisho wake ulikuwa makubaliano na Barrick, kampuni mama ya Acacia: malipo ya dola milioni 300, na hisa za asilimia 16 za serikali katika Twiga, kampuni ya ubia ya pande hizo mbili. Umbali kati ya dai na malipo umewaudhi wengi, lakini ndivyo mapatano yalivyo pande zikiwa mbili na kila moja ina cha kuzuia, hii leseni na ile mtaji. Wachimbaji wa 1996 walikuwa wengi, wametawanyika katika maduara yao, yaani mashimo ya kuchimbia, na wengi wao hawakuwa na hati. Hakuna aliyelazimika kununua kwao haki ambayo sheria haikuwahi kuwaandikia.