Kazi za Mikono ya Wasiosomeshwa

Jimbo letu lilisimamishwa mwaka 1963 kwa jina la Nachingwea, na tangu 1986 laitwa Lindi. Katika jubilei twawakumbuka maaskofu, mapadre na walimu, nayo ni haki. Lakini wako wengine ambao majina yao hayakuandikwa: wachonga vinyago, wafinyanzi, na waliopamba kuta za nyumba zao pasipo kufundishwa shuleni.

Mwaka 1906, vita vya Maji Maji vilipokuwa havijaisha kabisa, Karl Weule wa makumbusho ya Leipzig, Ujerumani, alitoka Lindi, akapita nchi ya Wamwera, akafika Masasi na Newala. Alikusanya vyombo na vinyago, akanasa nyimbo kwa mashine. Tena aliwapa wapagazi na wenyeji karatasi na kalamu ya risasi, nao wakachora. Baadhi ya picha hizo alizipiga chapa katika kitabu chake cha mwaka 1908, akataja na waliozichora. Ndiyo sababu hata leo twamjua Pesa Mbili, mnyampara wa wapagazi wake.

Lakini vinyago vingi vya siku zile vilikwenda Ulaya bila jina la mchongaji. Wala huko havikuwa salama: tarehe 4 Desemba 1943 mji wa Leipzig ulipigwa mabomu, na jengo la makumbusho likaungua na mali nyingi ndani yake. Majina yaliyokwisha kupigwa chapa hayakuungua.

Nasi je? Nakiri kosa langu. Zamani nilimwambia mzee mmoja atupe kinyago cha babu yake. Akakitupa, nami sikuuliza hata jina la aliyekichonga. Mzee huyo amekwisha kufa, na jambo hilo halina wa kuulizwa tena.

Basi, walimu wa Nachingwea na Ruangwa, kazi hii haihitaji fedha nyingi. Twaeni daftari, mkawaulize wazee: Nani alikifanya kitu hiki? Kijiji gani? Kwa mti gani, au udongo wa wapi? Kilitumikaje? Tena, je, mwenyewe aridhia kionyeshwe kwa watu? Mambo ya siri ya jando na yaachwe kwa wenyewe. Daftari moja likae parokiani, na nakala yake ipelekwe Lindi, ili moto au mchwa wakila moja, jingine libaki.