Sanamu Inayolia: Chuma, Maji na Saa za Upareni

Siku hizi wasanii wanapenda kuwaza sanamu za kesho: chuma kinachojipigia muziki chenyewe, mtambo unaohesabu karne kwa sauti. Si ndoto tupu. London, kwenye mnara wa taa wa Trinity Buoy Wharf, inasikika kazi ya Jem Finer iitwayo Longplayer, muziki wa bakuli za shaba ulioanza tarehe 31 Desemba 1999 na kupangwa udumu miaka 1,000 bila kujirudia. Huko Halberstadt, Ujerumani, kinanda cha kanisa kinapiga utunzi wa John Cage tangu 2001, na mwisho wake ni mwaka 2640. Watu wanasafiri kwenda kusikia noti moja tu ikibadilika. Si mchezo!

Nikisoma habari hizi, mawazo yangu hukimbilia Same. Sanamu ya namna hiyo ikisimamishwa pale chini ya Milima ya Upare, itengenezwe kwa kitu gani, na nani aipige? Swali la pili ndilo gumu, na historia ya Upareni imekwisha kulijibu zaidi ya mara moja.

Tuanze na chuma. Ugweno, upande wa Upare ya Kaskazini, ilijulikana kwa wahunzi wa ukoo wa Washana, na chuma cha Wapare kilifika mpaka kwa Wachaga. Profesa Isaria Kimambo, katika kitabu chake cha historia ya kisiasa ya Wapare kilichotoka mwaka 1969, anaeleza kwamba Washana hao walikuwa watawala pia, mpaka Wasuya walipowapindua. Yaani kulikuwa na zama ambapo mshika nyundo ndiye aliyekuwa mshika nchi.

Chuma cha pili kikaja na wageni. Wajerumani walianza kujenga reli kutoka Tanga mwaka 1893. Ikapita Same, ikafika Moshi mwaka 1911. Pamoja na reli ikaja saa ya aina nyingine, saa isiyomngoja mtu. Honi ya treni na kengele za wakubwa hazikuuliza kama umemaliza kupalilia. Ukisikia, unakwenda.

Lakini wakati nao unaweza kugeuzwa. Mwaka 1945 maelfu ya watu waliteremka kutoka milimani wakapiga kambi Same, wakitaka serikali ya Mwingereza ifute kodi iliyoitwa mbiru, iliyopimwa kwa mali ya kila mmoja. Baadaye wanawake nao wakaingia katika mapambano hayo. Hawakuchoma kitu, walikaa. Safari hii aliyengojeshwa alikuwa serikali, na hatimaye kodi hiyo ikaondolewa. Kwangu mimi huo ni ukurasa muhimu katika historia ya saa nchini mwetu, ingawa hauna saa hata moja ndani yake.

Sasa njoo kwenye maji. Upare ya Kusini kuna ndiva, mabwawa madogo ya umwagiliaji kama lile la Manoo, Bangalala. Usiku maji ya kijito hujikusanya humo. Asubuhi ndiva hufunguliwa, maji yakashuka kwa mifereji hadi mashambani, kwa zamu. Hebu ifikirie kama saa: inajazwa gizani, inalia kunapokucha, na mlio wake ni maji yanayokimbia mferejini. Ila saa hii haijiendeshi. Tope lazima lizolewe na mifereji isafishwe, na kazi hiyo ni ya wote. Wapare wanaiita msaragambo. Sikiliza neno lenyewe. Masikioni mwangu linagongana na ile methali ya pwani, mbiu ya mgambo ikilia ina jambo. Watu wasipotoka, ndiva hujaa udongo, na saa inasimama.

Hapo ndipo ninapoona tofauti. Kengele ya bwana na wito wa msaragambo vyote viwili vinakutoa nyumbani, lakini wa pili unakuitia maji yako mwenyewe. Hata Longplayer ina wadhamini wa kuilinda, maana hakuna mashine itakayofika miaka 1,000 bila watu wa kurithishana. Na kule Moru, Serengeti, kuna jiwe linalolia kama kengele, lenye vishimo vilivyochimbika kwa kugongwagongwa na mikono ya watu wengi. Hilo ni sanamu, ni ngoma, na ni kalenda ya waliopita.

Basi, sanamu ya Same nisingependa iwe na betri. Umeona zile kengele za shule zetu, kipande cha reli au ringi ya gari imening'inizwa mtini, na nondo ya kugongea? Ningeanzia hapo. Kipande cha reli, kwa kuwa chuma kilicholetwa kutuamuru kinaweza kufundishwa kazi nyingine. Kitundikwe karibu na ndiva, kigongwe siku za msaragambo tu, na anayegonga awe mwenye zamu. Kikikaa kimya mwaka mzima, tusimtafute fundi. Twende tukaliangalie bwawa.