Marcel Dalio: Mwigizaji wa nafasi ndogo aliyeacha alama kubwa

KATIKA filamu Casablanca ya mwaka wa 1942, mkuu wa polisi anaamuru mkahawa wa Rick ufungwe mara moja, akidai ameshtuka kugundua kwamba humo ndani watu hucheza kamari. Kabla hajamaliza kufoka, msimamizi wa meza ya kamari anamsogelea kwa adabu na kumkabidhi fedha alizoshinda usiku huo.

Vizazi kadhaa vya watazamaji vimeangua kicheko kwa tukio hilo la sekunde chache. Hata hivyo, ni wachache wanaolifahamu jina la aliyezileta fedha hizo, kwani halimo hata katika orodha ya waigizaji inayoonyeshwa kwenye filamu yenyewe. Aliitwa Marcel Dalio, na miaka mitatu tu kabla ya hapo alikuwa miongoni mwa waigizaji waliotajika sana nchini Ufaransa.

Dalio alizaliwa jijini Paris mnamo Novemba 23, 1899. Jina alilopewa na wazazi wake, Wayahudi waliohamia Ufaransa kutoka Romania, lilikuwa Israel Moshe Blauschild. Alianza usanii katika miaka ya ishirini kwenye kumbi za vichekesho na nyimbo, kisha akaingia katika michezo ya kuigiza ya jukwaani. Alikuwa na umri wa zaidi ya miaka thelathini filamu zilipoanza kumfungulia milango.

Maumbile yake hayakuwa ya shujaa wa sinema. Alikuwa mfupi, mwenye macho makubwa yaliyojaa wasiwasi na nywele nyeusi zilizojikunja. Waelekezi wengi walimwona kuwa mtu wa kupewa nafasi za wasaliti na walaghai. Katika Pépé le Moko, filamu ya Julien Duvivier ya mwaka wa 1937 kuhusu jambazi aliyejificha katika vichochoro vya Kasbah, mjini Algiers, Dalio aliigiza kama L'Arbi, mpasha habari wa polisi ambaye jasho la woga humtoka kila anapotazamwa.

Aliyemtazama kwa jicho tofauti ni mwelekezi Jean Renoir. Mwaka huohuo wa 1937, Renoir alimpa nafasi ya Luteni Rosenthal katika La Grande Illusion, filamu kuhusu wanajeshi wa Ufaransa waliotekwa na Wajerumani katika Vita vya Kwanza vya Dunia. Rosenthal ni Myahudi, mwana wa familia tajiri ya wenye benki, ambaye huwagawia wafungwa wenzake vyakula vinavyotumwa kutoka nyumbani. Baadaye anatoroka pamoja na Maréchal, fundi wa kawaida aliyeigizwa na Jean Gabin. Njiani Rosenthal anaumia mguu, wawili hao wanatukanana kwa hasira, Maréchal anamwacha, kisha anarudi kumshika mkono. Katika Ulaya iliyokuwa ikichemka kwa chuki dhidi ya Wayahudi, tukio hilo halikuwa dogo. Utawala wa Wanazi uliipiga marufuku filamu hiyo nchini Ujerumani.

Mwaka wa 1939 Renoir alikwenda mbali zaidi. Katika La Règle du jeu, alimkabidhi Dalio nafasi ya Robert de la Chesnaye, bwanyenye mwenye kasri mashambani ambaye hukusanya vinanda na wanasesere wanaojiendesha kwa mitambo. Katika tukio linalosifiwa sana, bwanyenye huyo anawafunulia wageni wake kinanda kikubwa, fahari ya mkusanyiko wake wote. Kamera inatulia usoni mwake. Hapo mtazamaji huona majivuno na haya vikipigania uso mmoja, bila ya neno kutamkwa.

Watazamaji wa Paris waliizomea filamu hiyo ilipozinduliwa mwezi Julai mwaka huo. Wengine walikerwa na jinsi ilivyowafichua matajiri, na wengine hawakuweza kustahimili kumwona Myahudi akiwa bwana wa kasri la Kifaransa. Renoir aliikatakata akitumaini kuiokoa, lakini vita vilipozuka serikali iliipiga marufuku kwa madai kwamba ilivunja watu moyo. Ilibidi isubiri hadi mwaka wa 1959 ndipo iliporejeshwa karibu na urefu wake wa awali. Tangu hapo imehesabiwa miongoni mwa kazi kuu za sinema duniani. Katika kura ambazo jarida la Sight and Sound la Uingereza huwapigisha wahakiki kila baada ya miaka kumi, ilikuwa miongoni mwa filamu kumi bora kila mara kuanzia 1952 hadi 2012.

Mnamo Juni 1940, majeshi ya Ujerumani yalipoikaribia Paris, Dalio alitoroka pamoja na mkewe, mwigizaji chipukizi Madeleine LeBeau. Walifika Lisbon, nchini Ureno, wakapata viza za kwenda Chile na kupanda meli. Walipofika Mexico waliarifiwa kwamba viza hizo zilikuwa bandia. Walikwama huko hadi walipopata pasipoti za muda za Canada, na hatimaye wakaingia Marekani.

Huku nyuma, Wanazi walikuwa wamepata matumizi mengine ya umaarufu wake. Picha ya uso wake ilibandikwa kwenye mabango ya propaganda kama mfano wa kuwawezesha wananchi kumtambua Myahudi. Wazazi wake, waliobaki Ulaya, waliangamia katika kambi za mateso.

Hollywood haikumpokea kama bwanyenye wa Renoir. Ilimhitaji kila ilipotafuta Mfaransa wa kumimina mvinyo, kupokea wageni hotelini au kuendesha meza ya kamari. Hata hivyo, katika Casablanca hakuwa peke yake. Sehemu kubwa ya waigizaji wa filamu hiyo walikuwa wakimbizi kama yeye. Conrad Veidt, aliyeigiza kama Meja Strasser wa Kinazi, alikuwa Mjerumani aliyeihama nchi yake kwa sababu mkewe alikuwa Myahudi. LeBeau naye aliigiza kama Yvonne, msichana anayeimba wimbo wa taifa wa Ufaransa huku machozi yakimtiririka. Ndoa yake na Dalio ilivunjika mwaka huohuo wa 1942.

Nafasi ya Dalio katika filamu hiyo ni finyu, lakini ina uzito. Rick anapoamua kuwasaidia wakimbizi wawili maskini kutoka Bulgaria, ni msimamizi huyo anayehakikisha kwamba gurudumu linasimama penye nambari 22 mara mbili mfululizo. Kisha, kwa uso mkavu, anamwarifu mwajiri wake kwamba mapato yamepungua. Wahenga walinena kwamba kidole kimoja hakivunji chawa. Humphrey Bogart ndiye nyota wa filamu hiyo, lakini wema wa Rick usingetimia bila mkono wa Dalio.

Mwaka wa 1944 aliigiza tena na Bogart katika To Have and Have Not, safari hii akiwa mwenye hoteli kisiwani Martinique. Mwaka huohuo alikuwa Waziri Mkuu wa Ufaransa, Georges Clemenceau, katika filamu Wilson. Vita vilipokwisha alirejea Ufaransa, na tangu hapo akawa mtu wa pande zote mbili za bahari ya Atlantiki. Alionekana katika The Snows of Kilimanjaro ya 1952, iliyotokana na hadithi ya Ernest Hemingway, na katika Sabrina ya 1954 akiwa mzee anayejifunza upishi na kumfariji Audrey Hepburn. Mwaka wa 1955, Casablanca ilipogeuzwa kuwa mfululizo wa runinga, msimamizi wa kamari alipandishwa cheo: Dalio sasa ndiye aliyekuwa mkuu wa polisi.

Mnamo 1973 alicheza katika Les Aventures de Rabbi Jacob, kichekesho cha mwelekezi Gérard Oury. Ndani yake tajiri anayewachukia Wayahudi, aliyeigizwa na Louis de Funès, analazimika kujifanya rabi ili kuokoa maisha yake. Rabi Jacob wa kweli, mzee mchangamfu anayewasili Paris kutoka New York, ni Dalio. Mamilioni ya Wafaransa walifurika kumbi za sinema kuitazama filamu hiyo. Katika mji ambako sura yake ilikuwa imetumiwa kuchochea chuki, watu sasa walilipa kiingilio ili waione na kucheka pamoja naye.

Dalio alichapisha kumbukumbu zake mwaka wa 1976 na kuaga dunia jijini Paris mnamo Novemba 18, 1983, siku tano kabla ya kutimiza umri wa miaka 84. Aliacha nyuma zaidi ya filamu mia moja. Katika nyingi kati ya hizo alionekana kwa dakika chache tu.